Mbadala wa Mheshimiwa Hénock

Jules Street, Malvern
Johannesburg
8 Novemba 2015

Yaya Prof,

Kaka yangu mkubwa, nakuandikia kwa karatasi kwa sababu karatasi ndiyo mali pekee niliyo nayo kwa wingi. Kibanda changu cha fotokopi na picha za vitambulisho bado kipo Jules Street, upande mmoja fundi matairi, upande mwingine Brigitte mke wangu, ambaye anasuka nywele za wanawake huku wanawake wakifumua waume zao. Barua hii anakuletea Mama Jeanne, yule mfanyabiashara wa nguo anayepanda basi la Lubumbashi. Hafungui barua za watu. Ana matatizo yake ya kumtosha.

Habari ni hii: wamenikubali. Baada ya kupanga foleni Pretoria mpaka nikajua majina ya walinzi na ya watoto wao, sasa mimi ni mkimbizi kamili. Afisa alikuwa mama mmoja wa miwani, mpole kama sindano. Akauliza nilikimbia nini. Nikamweleza kama ilivyokuwa: kwamba kule Kalemie, mwaka 2011, rafiki yangu mwalimu wa sheria, yaani wewe, aliandika karatasi ya kuwasema wakubwa wa chama waliokuwa wakiwapokonya watu viwanja kando ya ziwa, nami nikaitoa kopi mpaka wino ukaniishia. Wakaja kwake wakamkosa, alikuwa kwa mapadri. Wakaja kwangu wakanikuta, nilikuwa kazini.

Akasema, "Kwa hiyo aliyeandika yuko huko, na aliyetoa kopi yuko huku?"

Nikamwambia, "Ndiyo, mama. Mashine inapata moto kuliko kalamu."

Hakucheka. Alinisomea sharti: nisirudi nyumbani, na nisijirudishe kwa hiari yangu mikononi mwa wale niliowakimbia. "Tukikuona nao," akasema, "tutajua hutuhitaji tena." Karatasi ya Brigitte na ya binti yetu Victoire zimening'inia kwenye yangu kama nguo kwenye kamba moja. Kamba ikikatika, zote chini.

Victoire ana miaka sita. Namsemesha Kiswahili, ananijibu Kizulu. Tunaelewana kama mabalozi.

Ndugu yako mdogo,
Lambert


Kalemie
20 Mei 2018

Mdogo wangu Lambert,

Miaka imepita bila kukuandikia. Usiihesabu kuwa kiburi, ihesabu kuwa kazi. Walinifanya mkuu wa kitivo, maana yake nikaacha kufundisha nikaanza kutafuta chaki.

Nimefundisha Katiba tangu ndevu zangu zikiwa nyeusi. Wanafunzi wangu leo ni mahakimu, mawakili, makatibu wa wilaya. Nimechoka kufundisha sheria watu ambao baadaye wanaivunja kwa Kifaransa kizuri. Sasa jimbo letu ni jipya, lina Bunge lake, na humo ndani mtu anayejua kusoma muswada mpaka ukurasa wa mwisho hayupo. Nimeamua kusimama. Peke yangu, bila chama, kama nilivyoandika ile karatasi.

Ninakuhitaji. Sheria inamtaka kila mgombea ataje mbadala wake, mtu atakayekikalia kiti mgombea akifa au akiteuliwa waziri. Wengi huku wanaweka mke au mtoto. Denise wangu amekataa, anasema hataki kufanyiwa mazoezi ya ujane. Na ukimweka jirani, kuanzia siku hiyo anakuombea homa. Mimi nataka mtu ambaye akisikia naumwa, atauliza dawa kabla ya kuuliza kiti. Simjui mwingine zaidi yako.

Huna haja ya kuja. Ni jina, sahihi kwenye karatasi niliyoambatisha, na picha ndogo ya kuwekwa chini ya yangu kwenye bango. Mengine niachie mimi. Wala usinijibu kwa WhatsApp, siku hizi ukimwandikia mgombea "habari za asubuhi," jioni mji mzima unakujibu "nzuri."

Yaya wako,
Prof. Hénock Kilumba


Malvern
11 Juni 2018

Yaya Prof,

Karatasi yako imefika ikinuka samaki wa kukaushwa ambao Mama Jeanne hurudi nao, kwa hiyo hata kabla ya kuisoma nilishakumbuka nyumbani.

Nimesaini. Picha hiyo humo. Nimejipiga mwenyewe, nimevaa koti la kibanda, lile jeusi ambalo nusu ya Wakongomani wa Malvern wamepigiwa picha wakiwa ndani yake. Ukilitazama vizuri utaona bega la mtu mnene. Wateja wangu nawakataza kucheka, maana Pretoria haipendi meno. Mimi nimecheka. Niliwaza: mwana wa muuza mafuta ya taa, aliyeishia darasa la sita, akasoma yaliyobaki kwenye karatasi alizokuwa akitolea kopi wenye shule zao, leo yuko kwenye bango, chini ya profesa. Chini, lakini kwenye bango.

Sijamwambia Brigitte. Angeniuliza kwa nini.

Lililonifanya nisaini ni yale maneno yako, "peke yangu, bila chama." Ungeniambia chama, hata chama cha malaika, nisingekutumia hata kivuli changu. Unajua karatasi yangu ya huku imesimama juu ya nini.

Mbadala wako (lione jina lilivyo tamu),
Lambert


Kalemie
2 Februari 2019

Mdogo wangu,

Tumeshinda! Niite Mheshimiwa mara moja tu, kisha rudi kwenye Prof, maana Denise ananicheka.

Nimekula kiapo nimevaa suti ya bluu. Kampeni ilikuwa shule ambayo sikuisoma. Nilifika kijiji kimoja nikawaeleza mgawanyo wa madaraka, mzee mmoja akanyanyuka akasema, "Baba, hayo madaraka mkiisha kuyagawana, sisi mtatuletea lini daraja?" Nikacheza nao ngoma.

Yapo mambo yaliyobadilika njiani. Mvua ya uchaguzi haimwachi mtu asiye na mwavuli, nami mwishoni nikakubali mwavuli mmoja mkubwa. Usiyatie moyoni. Mtu anaweza kuingia nyumba mbaya ili kuisafisha kutoka ndani. Picha yako imependeza, watu waliniuliza, "Huyu anayecheka ni nani?" Nikawaambia ni ndugu yangu, yuko Johannesburg.

Wako,
Prof. Hénock


Malvern
18 Machi 2019

Yaya,

Mwavuli wako nimeuona. Nimeonyeshwa Pretoria, kwenye simu ya serikali.

Nianze mwanzo. Jumapili moja mwezi uliopita pasta wetu, aliyetumiwa bango lako na shemeji yake aliye huko, alinisimamisha kanisani. "Wapendwa, Mungu hakusahau Malvern! Katikati yetu yuko mheshimiwa mdogo!" Watu wakapiga makofi, akina mama wakapiga vigelegele, vijana wa kwaya wakalisambaza bango kila pahali wakiandika "Hongera Papa Lambert." Sikuwa nimeliona hata mimi. Nililiona hapo hapo, juu ya kiti cha plastiki, mikononi mwa mtoto wa mtu. Wewe juu, mkubwa. Mimi chini, nacheka. Na katikati yetu, alama ya chama cha wale wale. Wale wale, Yaya! Wale walioipiga mashine yangu teke ikiwa bado ina joto.

Brigitte alikuwa pembeni yangu. Alitazama. Nyumbani alipika, tukala, akaosha vyombo. Kisha akasema, "Sasa nieleze."

Wiki iliyofuata ilikuwa zamu yangu ya kuongeza muda wa karatasi. Yule mama wa miwani bado yupo. Akageuza simu yake nione.

"Huyu ni wewe?"

Eish. Nikasema, "Ni mimi, mama, lakini koti si langu."

"Sikuulizi koti. Hiki ndicho chama ulichoniambia kilitaka kukuua?"

"Ndicho."

"Na mwandishi wa ile karatasi ni huyu wa juu?"

"Ndiye."

Alivua miwani akaifuta muda mrefu. "Bwana Lambert," akasema, "mimi nimeona watu wakikimbia nchi. Sijaona mtu anayekimbia huku akigombea."

Nimepangiwa kuhojiwa mwezi wa saba. Nisipotoa maelezo, wananifutia ukimbizi, na unajua nguo zilizo kwenye kamba hiyo. Victoire hata Kalemie hawezi kuitamka, anasema "Kalami."

Ombi langu ni moja. Niandikie ukweli, kwa jina lako: kwamba uliniomba picha ukiwa bila chama, ukahamia kwao baadaye, hukuniambia, na picha ikaenda nao bila ruhusa yangu. Mistari minne inatosha.

Lambert


Malvern
25 Machi 2019

Shemeji Hénock,

Mimi si mwandishi, vidole vyangu vimezoea rasta. Lambert amekuandikia kama ndugu, mimi nakuandikia kama mke wa mtu.

Ulipokuwa kwa mapadri ukila supu, mimi nilikuwa nafagia vipande vya mashine. Tulipita Zambia kwenye lori la vitunguu, nikiwa na mimba ya mtoto ambaye hakufika. Hilo Lambert hakukuambia, alisema usibebeshwe. Sasa mimi nakubebesha.

Wateja wangu hapa wananiita "Madame Honorable," mke wa mheshimiwa. Wanataka nicheke. Nawasuka tu.

Najua mistari minne anayokuomba itakutingishia kiti. Wenye chama watasema uliwawekea mtu bila idhini yake, wapinzani wako watakwenda mahakamani. Sikuombi kitu kidogo, na sijifanyi sijui. Lakini wewe una kiti. Sisi tuna sakafu tu, na ndiyo inayotaka kutolewa chini yetu.

Brigitte


Kalemie
20 Aprili 2019

Wapendwa Lambert na Brigitte,

Barua yako, Brigitte, niliisoma nikiwa nimesimama. Kuhusu mtoto sikujua.

Ile mistari minne siwezi kuiandika sasa. Gavana mpya anaunda serikali yake na jina langu limetajwa kwa wizara ya elimu ya jimbo. Fikirini: shule zote hizi! Nikianguka leo, wizara atapewa mtu anayesoma kwa kidole.

Lakini nimefanya jambo bora zaidi. Humu ndani mna barua rasmi kwa ofisi ya Pretoria, kwa Kifaransa, mihuri mitatu. Nimewaandikia kwamba "Bwana Lambert ni mtu wetu wa kuaminika, hana adui yeyote katika jimbo, na mimi binafsi, pamoja na viongozi wote wa chama, tunamhakikishia usalama kamili." Huku barua kama hiyo inafungua mlango wowote, mpaka mabaharia wa ziwani wanaiogopa.

Na zaidi: nikiwa waziri, kiti changu cha Bunge ni chako. Kwa nini uhojiwe na mama wa miwani, wakati unaweza kuwahoji mawaziri? Njoo. Mama yako atafurahi. Nilimwona sokoni, bado anabishana bei mpaka muuzaji anaomba msamaha.

Prof. Hénock Kilumba
Mbunge wa Jimbo


Malvern
12 Mei 2019

Mheshimiwa,

Barua yako ya mihuri mitatu nimesomewa na Hugues, Mrundi mmoja anayetafsiri kule Pretoria. Alipomaliza aliniuliza, "Huyu aliyeandika, ni rafiki yako?" Nikasema ndiyo. Akasema, "Basi adui zako wapumzike."

Umewaambia sina adui. Umewaambia niko salama mikononi mwa chama. Wewe, uliyefundisha sheria za wakimbizi, mimi mwenyewe nilikutolea kopi mitihani yake, nakumbuka swali la tatu! Mtu anayehakikishiwa usalama na waliomfukuza si mkimbizi tena. Barua yako nikiifikisha, ninapanda basi na familia yangu siku hiyo hiyo. Nimekaa nikijiuliza kama umesahau unachokijua, au umekikumbuka sana.

Kuhusu kiti: nitakuwa mkweli, nilikikalia. Jioni moja nilikaa kibandani, nimevaa koti lile, nikajiambia "Mheshimiwa Lambert, una dakika tano." Nikasema maneno mazuri juu ya maji na barabara. Brigitte alichungulia akaniambia, "Dakika zimekwisha, njoo ule."

Kwa hiyo nimejiuzulu. Mimi si mbadala wako tena. Barua ya kujiuzulu nimeipeleka kwa Katibu wa Bunge lenu, nikaeleza ile mistari minne ambayo kalamu yako imeikataa. Nakala imekwenda kwa mapadri, nyingine chuoni kwako, nyingine redioni. Na kila nakala nimeibana pamoja na karatasi yako ya 2011, ile yenye majina ya wakubwa ambao leo unakaa nao meza moja. Nilikuwa nimeificha miaka yote. Wino wa huku ni mzuri, jina lako linasomeka.

Natoa kopi tu. Ndiyo kazi yangu.

Lambert


Kalemie
15 Juni 2019

Bwana Lambert,

Karatasi zako zimefika zote. Redio iliisoma yako asubuhi na yangu ya zamani jioni. Wenye chama waliniita. Nilisimama mbele yao kama mwanafunzi aliyekamatwa na kikaratasi. Uwaziri umekwenda kwa mwingine. Kiti nimebakiziwa kwa sharti kwamba nijulishe msimamo wangu juu yako, nami naujulisha.

Kuanzia leo wewe ni adui wa chama na wa jimbo hili. Usithubutu kurudi. Ukitia mguu Kalemie utakamatwa kabla hujapokea mzigo wako, na wewe hakuna mapadri watakaokuficha. Kosa lako ni lile lile la 2011, na wanaokutafuta ni wale wale. Nayasema haya kwa akili timamu, kwa maandishi, kwa mkono wangu na kwa muhuri wa ofisi yangu.

Usiniandikie tena.

Mheshimiwa Prof. Hénock Kilumba
Mbunge wa Jimbo


Malvern
29 Julai 2019

Yaya,

Umesema nisikuandikie. Hii ni ya mwisho, halafu nitatii.

Barua yako ilipofika nilikaa chini kwenye mlango wa kibanda, wateja wakanipita juu ya miguu. Miaka yote hii niliogopa watu ambao sijui hata majina yao. Sikuwa nimejifunza kumwogopa mtu ninayejua anavyokohoa. Brigitte aliichukua akaisoma, akaisoma tena. Nilidhani atalia. Akasema, "Lambert, inuka. Hii ndiyo karatasi tuliyokuwa tunaitafuta."

Tukaipeleka Pretoria. Hugues aliitafsiri kwa sauti, neno kwa neno. Yule mama aliugusa muhuri kwa kidole, kama anapima kama umekauka. Nilimwambia yote, na ya kucheka kwenye picha pia. Nilimwambia nilitamani kuwa kwenye bango. Akaandika muda mrefu. Kisha akasema, "Bwana Lambert, mwanzoni nilikuwa na neno lako tupu. Sasa nina lao." Ametuongezea miaka minne, sote watatu. Nje, Victoire akaniuliza kwa Kizulu kama tumeshinda. Nikamwambia amuulize mama yake.

Kwa maana kuna jambo linalonisumbua, Prof. Kwetu mtu anayetaka kukudhuru haandiki. Anatuma vijana. Na profesa wa sheria, akitaka kutisha, anajua namna kumi za kutisha bila kuacha alama. Wewe uliweka chama, ukaweka mwaka, ukaweka wanaonitafuta na kosa lenyewe, ukamalizia na muhuri, yaani kila kitu ambacho afisa wa wakimbizi huuliza, kwa mpangilio anaouliza. Brigitte anasema ulitusaidia. Hugues anasema ulijisaidia, mengine ni bahati. Mimi nimeisoma mpaka mikunjo imeanza kukatika, nami bado sijui.

Usinijibu. Ukiniambia ulinisaidia, itakuwa barua ile ni uongo, na mimi nimeapa juu ya uongo mbele ya mama yule. Ukiniambia ulimaanisha, basi nimepata karatasi na nimepoteza ndugu, nami siko tayari kuwa na hakika.

Jana Mama alipiga simu, ana furaha. Anasema Mheshimiwa alimtembelea Jumapili, na polisi wawili wakabaki mlangoni. Ulimpelekea unga na mafuta. Ulikaa kwenye kigoda, ukauliza habari zangu, ukauliza kama nina mpango wa kurudi, ukaaga. Anasema una adabu kama zamani. Akaniuliza akushukuru vipi.

Nikamwambia ashukuru tu, na usiku afunge mlango.

Lambert